Rehani za nyumba Ujerumani na majina yake: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Maswali haya huulizwa na Waswahili wanaoishi Ujerumani, na ndugu zao walioko nyumbani, kila mazungumzo yanapofika kwenye kununua nyumba. Mengi ni ya fedha. Mengine ni ya majina, kwa sababu mtu akianza kusoma karatasi za benki hukutana na Pfandbrief, Grundschuld, Wüstenrot na Schulze, akataka kujua vimetoka wapi. Mwenye haraka ya kununua aanze swali la 1. Anayependa asili ya majina aruke hadi la 14.

## Kuanza

1. Mkopo wa nyumba wa Ujerumani unakwendaje?

Benki inakupa pesa, nyumba inawekwa rehani kwenye daftari la ardhi, nawe unalipa kiasi kilekile kila mwezi. Ndani ya kiasi hicho mna riba, na mna sehemu inayopunguza deni lenyewe, ambayo huitwa Tilgung. Mwanzoni riba ndiyo inayokula fungu kubwa. Deni likipungua, riba nayo hupungua na Tilgung huongezeka.

Tuchukue mfano. Umekopa yuro 300,000 kwa riba ya 4% na Tilgung ya kuanzia 2%. Jumla ni 6% kwa mwaka, yaani yuro 18,000, sawa na 1,500 kwa mwezi. Mwezi wa kwanza, 1,000 inakwenda kwenye riba na 500 tu ndiyo inayopunguza deni. Ukilipa miaka 10 bila kukosa hata mwezi mmoja, bado utakuwa unadaiwa karibu yuro 226,000. Wengi hushtuka wakiiona hesabu hii, na ni heri washtuke kabla ya kusaini.

2. Nikifunga riba kwa miaka 10, deni linaisha baada ya miaka 10?

Hapana. Kinachoisha ni makubaliano ya riba tu, yale yanayoitwa Zinsbindung. Deni lililobaki linahitaji mkataba mpya, kwa benki ileile au nyingine, kwa riba ya wakati huo. Waliofunga riba ya chini ya 1% mwaka 2020 au 2021 watakutana na hili muhula wao ukiisha, na tofauti ya malipo ya mwezi si ndogo.

Muhula wa kawaida ni miaka 10, 15 au 20. Mrefu zaidi huwa na riba ya juu kidogo. Kwa maoni yangu, mwenye mshahara mmoja nyumbani na watoto wadogo alipie hiyo nyongeza, apate usingizi.

3. Mbali na bei ya nyumba, nahitaji pesa ngapi mkononi?

Hesabu kiasi cha 10% ya bei, wakati mwingine zaidi. Kuna kodi ya ununuzi, Grunderwerbsteuer, ambayo kila jimbo hujipangia: Bayern ni 3.5%, Nordrhein-Westfalen na Brandenburg ni 6.5%. Kuna Notar, yaani mthibitishaji wa mikataba, na daftari la ardhi, kwa pamoja kama 1.5% hadi 2%. Kuna dalali, ambaye mara nyingi hudai 3.57% kwa kila upande. Tangu mwisho wa mwaka 2020, kama muuzaji ndiye aliyemwita dalali, mtu anayenunua nyumba au fleti hawezi kubebeshwa zaidi ya nusu ya ujira huo.

Nyumba ya yuro 300,000 mjini Köln itakugharimu 19,500 za kodi, kama 6,000 za Notar na daftari, na 10,710 za dalali. Hizo ni zaidi ya 36,000 ambazo hazigeuki tofali hata moja, na ndiyo maana benki nyingi hutaka uzitoe mfukoni mwako.

4. Notar ni wakili wangu?

Siyo. Notar hana upande: hamtetei mnunuzi wala muuzaji. Bila yeye mkataba wa kuuza nyumba au kiwanja ni batili, hata kama mmepeana mikono mbele ya wazee kumi. Siku ya kusaini huusoma mkataba wote kwa sauti, neno kwa neno, na huu ndio wakati wako wa kuuliza. Kama Kijerumani hukimudu, sema mapema, maana lazima utafsiriwe yanayosomwa.

Omba rasimu ya mkataba wiki mbili kabla. Ukinunua kwa kampuni ya ujenzi, muda huo umewekwa na sheria.

5. Grundbuch ni kitu gani, na kwa nini kila mtu analitaja?

Ni daftari la ardhi, linalotunzwa na mahakama ya mwanzo ya eneo husika, Amtsgericht. Kila kiwanja kina ukurasa wake. Mwanzo wa ukurasa hueleza kiwanja chenyewe. Sehemu ya I humtaja mwenye mali. Sehemu ya II huorodhesha mizigo kama haki ya jirani kupita au haki ya mzee kuishi humo hadi kufa. Sehemu ya III ni ya rehani.

Kusaini hakukufanyi kuwa mwenye nyumba, wala kulipa. Unakuwa mwenye nyumba siku jina lako linapoandikwa katika sehemu ya I, na hilo huchukua wiki au miezi. Katikati hapo Notar huombea mnunuzi alama ya ulinzi iitwayo Auflassungsvormerkung, na muuzaji hawezi tena kumuuzia mwingine kiwanja kilekile. Aliyewahi kuona kiwanja kimoja cha Mbagala au Kitengela kikiwa na wenyewe watatu ataelewa mara moja thamani ya mstari huo mmoja.

## Rehani na deni

6. Hypothek na Grundschuld ni kitu kimoja?

Watu wa mitaani huzitumia kama kitu kimoja, lakini benki leo hutumia Grundschuld karibu mara zote. Zote mbili zimo katika sheria ya kiraia, BGB, iliyoanza kutumika tarehe 1 Januari 1900.

Hypothek imefungwa na deni: deni likipungua, nayo inapungua, deni likiisha, benki haina tena rehani. Grundschuld inasimama peke yake. Umekopa 300,000, ukaandikisha Grundschuld ya 300,000, ukalipa 200,000: daftari bado linasomeka 300,000. Kinachokulinda ni mkataba wa pembeni unaosema Grundschuld hiyo ni dhamana ya deni gani. Mkataba huo usome kwa makini kuliko karatasi nyingine yoyote. Angalia kama unahusu mkopo wa nyumba peke yake, au umetia ndani kila deni utakalokuwa nalo kwa benki hiyo.

7. Nimemaliza kulipa. Kwa nini Grundschuld bado ipo?

Kwa sababu ya hayo ya swali la 6: haijifuti. Benki inakupa hati ya kukubali kufuta, Löschungsbewilligung, nawe unaamua. Ukitaka daftari safi, unapitia kwa Notar na kulipa ada. Ukidhani utakopa tena, tuseme kwa paa jipya, iache; itatumika bila gharama za kuandikisha upya. Hati hiyo tu usiipoteze.

8. Nikishindwa kulipa, naweza kurudisha ufunguo benki na mambo yakaisha?

Hapana. Hadithi hiyo imetoka katika baadhi ya majimbo ya Marekani. Ujerumani unadaiwa wewe mwenyewe, kwa mali na mshahara wako wote. Nyumba ikipigwa mnada na mahakama, Zwangsversteigerung, na pesa isitoshe, iliyobaki bado ni deni lako.

Tena, kwa Notar huwa unasaini kifungu cha kukubali utekelezaji wa papo hapo. Maana yake benki haihitaji kwanza kukushtaki ili ipate hukumu. Ukiona miezi mibaya inakuja, nenda benki kabla ya malipo ya kwanza kukosekana. Kupunguza Tilgung kwa muda kunazungumzika; mnada ukishatangazwa, nafasi ya kujadiliana ni ndogo.

9. Naweza kulipa deni lote mapema?

Ndani ya muhula wa riba, ukiiuza nyumba unaweza kulipa lote, ila benki itadai fidia ya riba inayoikosa, Vorfälligkeitsentschädigung, ambayo huweza kufika maelfu ya yuro. Mikataba mingi huruhusu malipo ya ziada kila mwaka, mara nyingi hadi 5% ya mkopo wa awali. Idai ruhusa hiyo kabla ya kusaini.

Mlango mmoja hauhitaji ruhusa ya benki. Miaka 10 ikipita tangu upokee mkopo wote, unaweza kuuvunja mkataba kwa notisi ya miezi 6 bila fidia, hata kama ulifunga riba kwa miaka 20. Ni kifungu cha 489 cha BGB. Benki yenyewe haina haki hiyo, kwa hiyo muhula mrefu unambana mkopeshaji kuliko mkopaji.

## Pesa hiyo inatoka wapi?

10. Pfandbrief ni nini?

Ni hati fungani ambayo benki huiuza kwa wawekezaji ili ipate pesa za kukopesha, ikiwa imeegemezwa juu ya rehani za nyumba. Benki inayoitoa hubaki na mikopo hiyo katika vitabu vyake, haiuzi na kunawa mikono. Ikifilisika, rehani hizo hutengwa kwanza kwa ajili ya wenye Pfandbrief, wadai wengine wakisubiri.

Asili yake ni vita. Vita vya Miaka Saba, 1756 hadi 1763, viliyaacha mashamba ya makabaila wa jimbo la Schlesien yakiwa hoi na yamejaa madeni, na hakuna aliyetaka kuwakopesha. Mfanyabiashara wa Berlin, Bühring, alipendekeza kwamba watu hao wakope kama kundi. Mfalme Friedrich wa Pili wa Prussia akatoa amri tarehe 29 Agosti 1769, na mwaka 1770 chama cha kwanza, Landschaft ya Schlesien, kikaanza kazi. Kila hati ilitaja shamba lililowekwa rehani, na makabaila wote wa chama walidhaminiana. Kwa mkulima wa kawaida au mtu wa mjini mlango huo ulikuwa umefungwa.

Leo sheria yake ni ya mwaka 2005. Pfandbrief ya nyumba na ardhi huruhusiwa kutegemea 60% tu ya thamani ya rehani, na thamani hiyo yenyewe hukadiriwa kwa tahadhari, kwa kawaida chini ya bei ya soko. Zipo pia Pfandbrief za mikopo ya serikali, za meli na za ndege. Uwekezaji wa miaka mingi wa namna hii ndio unaoiwezesha benki kukuahidi riba isiyobadilika ya swali la 2.

11. Ni kweli Pfandbrief haijawahi kushindwa kulipwa?

Mabenki hupenda kusema hivyo, na kwa maana finyu ni kweli: kwa zaidi ya karne moja hakuna mwenye Pfandbrief aliyenyimwa malipo kwa sababu ya benki kufilisika. Hata Hypo Real Estate ilipoyumba mwaka 2008, hati zake zililipwa (tazama swali la 14).

Ila sifa hiyo huuruka mwaka 1923. Mfumuko wa bei uliifanya mark ya karatasi kuwa takataka. Aliyekopa kujenga nyumba angeweza kulifuta deni lake kwa bei ya mkate, na aliyekuwa ameweka akiba yake katika Pfandbrief akalipwa makaratasi. Sheria ya mwaka 1925 iliyafufua madeni ya rehani, lakini kwa kiwango cha 25% tu ya thamani ya awali kwa dhahabu. Wastaafu na wajane waliotegemea riba hizo ndio walioumia. Kwa hiyo ukiambiwa "haijawahi kushindwa", uliza: kwa hesabu ya karatasi au ya thamani?

Hata dawa ya mfumuko huo ilikuwa rehani. Rentenmark, iliyoanza kutolewa tarehe 15 Novemba 1923, iliegemezwa juu ya rehani iliyowekwa kwa ardhi ya kilimo na mali ya viwanda vya nchi nzima. Moja ilibadilishwa kwa mark trilioni 1 za zamani, na watu wakaiamini.

12. Bausparkasse ni benki ya aina gani?

Ni benki ya kuweka akiba kwanza na kukopa baadaye. Unaweka mpaka ufikie kama 40% au 50% ya kiasi cha mkataba, unasubiri zamu, kisha unapewa akiba yako pamoja na mkopo wa riba iliyokubaliwa tangu siku ya kwanza. Wanaosubiri ndio wanaowakopesha waliokwisha kupata. Aliyewahi kucheza upatu hahitaji maelezo zaidi, isipokuwa kwamba hapa zamu hupangwa kwa alama za akiba na muda, na mkataba una kurasa nyingi.

Mwanzilishi wake Ujerumani ni Georg Kropp, aliyeanzisha chama chake mwaka 1921 katika kijiji cha Wüstenrot, wakati nyumba zilikuwa haba baada ya vita. Riba ya akiba ni ndogo sana, na ada ya kufungua mkataba hukatwa mwanzoni. Unafaa kwa mtu anayejua kweli atajenga. Kama chombo cha kukuza pesa tu, hauna maana.

13. Raiffeisen na Volksbank zina uhusiano na SACCOS zetu?

Upo, wa ukoo. Hermann Schulze-Delitzsch alianzisha chama cha mikopo cha mafundi mwaka 1850. Friedrich Wilhelm Raiffeisen, aliyekuwa meya wa vijiji, alianzisha cha wakulima Heddesdorf mwaka 1864. Kanuni zao zilivuka bahari: Desjardins alifungua chama cha namna hiyo Quebec mwaka 1900, kikafuata kizazi cha vyama vya Marekani, na kutoka huko mtindo ukafika Afrika Mashariki. Kila mwanachama ana kura moja, Heddesdorf na Moshi pia.

## Majina ya benki

14. Kila benki yenye "Hypo" ni moja?

Hapana. Hypo ni kifupi cha Hypothek tu. Benki ya Hypotheken- und Wechsel ya Bayern ilianzishwa München mwaka 1835. Mwaka 1998 iliungana na Bayerische Vereinsbank ikawa HypoVereinsbank, ambayo leo ni ya UniCredit ya Italia.

Mwaka 2003 HypoVereinsbank ilitema sehemu ya mikopo ya majengo, ikaitwa Hypo Real Estate. Hiyo ilinunua Depfa ya Dublin mwaka 2007. Depfa ilikuwa ikikopa kwa muda mfupi ili ikopeshe kwa muda mrefu, na benki ya Marekani ya Lehman Brothers ilipoanguka Septemba 2008 pesa za muda mfupi zikakauka. Serikali iliiokoa kwa dhamana za zaidi ya yuro bilioni 100, kisha ikaitaifisha mwaka 2009. Kilichobaki kizima ni Deutsche Pfandbriefbank. Hypo Alpe Adria, iliyozua kashfa yake, ilikuwa ya Austria.

15. Deutsche Bank ndiyo benki kuu ya Ujerumani?

Siyo. Ni kampuni binafsi, iliyoanzishwa Berlin mwaka 1870. Benki kuu ni Bundesbank. Majina "Sparkasse", "Volksbank", "Bausparkasse" na "Pfandbrief" yanalindwa na sheria, lakini "Deutsche" hata duka la viatu linaweza kujiita.

16. Wüstenrot na Schwäbisch Hall ni majina ya watu?

Ni majina ya mahali. Wüstenrot husomeka kama "jangwa jekundu", lakini "rot" hapa haina habari na rangi. Ni ya jamii ya neno la kufyeka msitu, lilelile linalopatikana katika vijiji vingi vinavyoishia na -rod, -rode au -reut. Wakulima walifyeka, wakalima, jina likabaki.

Schwäbisch Hall ni hadithi inayotuhusu zaidi. Ni mji wa Swabia uliokua kwa chumvi, na leo ndiko yaliko makao ya Bausparkasse kubwa kuliko zote Ujerumani, iliyohamia huko mwaka 1944. Katika zama za kati mji huo ulifua sarafu ndogo ya fedha. Watu wakaiita kwa jina la mji: Häller, baadaye Heller. Karne nyingi zikapita. Mwaka 1904 serikali ya kikoloni ya Afrika Mashariki ya Kijerumani iliacha kuigawa rupia kwa pesa 64, ikaigawa kwa Heller 100. Wadachi, yaani Wajerumani, waliondoka baada ya vita, sarafu ikaondoka, jina likabaki vinywani mwetu. Kila anayesema "sina hela" Tandale au Bujumbura anataja mji wa Bausparkasse bila kujua.

## Majina ya watu

17. Kwa nini Ujerumani kuna Schulz, Meier na Lehmann wengi hivyo?

Kwa sababu majina ya ukoo yalipokuwa yakishika, zaidi kati ya karne ya 12 na ya 15, mtu alitambulishwa kwa kazi, mahali, sura au baba yake, na kazi nyingi zilihusu ardhi na kodi zake.

Schulz, Schulze na Scholz hutoka kwa Schultheiß, mkuu wa kijiji aliyewaamuru watu kutimiza wajibu wao kwa bwana, kodi zikiwemo. Wazee wetu wangemwita jumbe. Ndani ya jina hilo mna Schuld, neno lilelile lililomo katika Grundschuld ya swali la 6. Meier, Meyer na Maier ni msimamizi wa shamba la bwana. Lehmann ni aliyepewa ardhi kwa masharti ya utumishi. Huber, wa Bayern na Austria, ni mwenye Hube, yaani ardhi ya kutosha kuilisha kaya moja. Neubauer ni mlowezi mpya. Ukiwaweka pamoja unapata kijiji kizima: anayedai, anayesimamia, anayedaiwa.

Schulze-Delitzsch wa swali la 13 aliongeza jina la mji wake kwa sababu katika bunge la Prussia la mwaka 1848 akina Schulze walikuwa wengi mno.

18. Rothschild, Warburg, Oppenheim, koo za wenye benki: haya nayo?

Rothschild ni jina la nyumba. Katika mtaa wa Wayahudi wa Frankfurt nyumba zilitambuliwa kwa alama, na moja ilikuwa na ngao nyekundu, "zum roten Schild". Hapa "rot" ni nyekundu kweli. Familia ilihama nyumba hiyo na jina ikalibeba. Warburg na Oppenheim ni miji ambayo koo hizo zilitoka. Mendelssohn ni mwana wa Mendel. Wayahudi wengi walilazimika kuchukua majina ya ukoo ya kudumu kwa amri za serikali: Austria mwaka 1787, Prussia 1812, Bayern 1813.

19. Lehman Brothers ilikuwa benki ya Wajerumani?

Ilikuwa ya Marekani, iliyoanzishwa na ndugu kutoka Rimpar, kijiji karibu na Würzburg. Henry Lehman alifika Alabama mwaka 1844, akafungua duka la bidhaa, wadogo zake wakamfuata, kisha wakaingia katika biashara ya pamba. Jina lilikuwa Lehmann. "N" moja iliachwa njiani. Kwa familia za Kiyahudi jina hili mara nyingi lilichaguliwa kwa kuwa lilikaribiana na Löw au Levi, kwa hiyo usilifasiri moja kwa moja kama katika swali la 17.

20. Mjerumani, Mdachi, Deutsch, Allemand: mbona kila mtu ana jina lake?

Kila jirani aliwaita kwa kabila alilokutana nalo. Wafaransa walikutana na Waalemanni, wakasema Allemagne. Wafini walikutana na Wasaksoni, wakasema Saksa. Wapolandi husema Niemcy, la jamii ya neno la bubu: watu wasioongea lugha yetu. Waingereza walichukua la Warumi, Germania, nasi tukachukua la Waingereza. Wenyewe hujiita Deutsch, kutoka neno la kale lenye maana ya "-a watu". Mdachi, walilotumia babu zetu, ndilo lililo karibu zaidi na jina wanalojiita wenyewe.

## Hali za pembeni

21. Mgeni anaruhusiwa kununua? Na kama mshahara wangu ni wa shilingi?

Sheria haimkatazi mgeni kununua nyumba wala ardhi. Tatizo ni mkopo. Benki hutazama kibali cha ukaazi, mkataba wa kazi na rekodi ya Schufa, taasisi ya taarifa za mikopo iliyopo tangu mwaka 1927. Kwa anayelipwa kwa sarafu nyingine, sheria ya mwaka 2016 inampa ulinzi dhidi ya kuyumba kwa sarafu, na ulinzi huo umezifanya benki nyingi zikwepe wateja wa namna hiyo kabisa.

22. Mimi ni Mwislamu na sitaki riba. Nifanye nini?

Tangu 2015 ipo KT Bank ya Frankfurt, benki ya kwanza ya Kiislamu yenye leseni kamili Ujerumani. Katika murabaha nyumba hununuliwa kisha huuzwa kwa mteja kwa bei yenye faida iliyotajwa. Uliza hasa habari ya kodi ya swali la 3: nyumba ikihamishwa mara mbili, kila uhamisho unaweza kutozwa. Kumbuka pia kwamba Bausparkasse hufanya kazi kwa riba, ya kuweka na ya kukopa.

23. Tangazo linasema "Erbbaurecht" na bei ni nafuu. Ni utapeli?

Si utapeli. Unanunua nyumba, ardhi inabaki ya mwingine, mara nyingi kanisa au manispaa, nawe unailipia kodi ya kila mwaka kwa muda kama miaka 99. Mtanzania mwenye hati ya miaka 99 hatashangaa. Angalia miaka iliyobaki. Ikiwa ni 30, benki nyingi zitasita, na utakayemuuzia baadaye atasita pia.

24. Tumeachana na mwenzangu, naye amehama. Bado nadaiwa lote?

Kama mlisaini wote wawili, benki inaweza kumdai yeyote kati yenu deni zima. Hukumu ya talaka haiifungi benki, na kufuta jina kwenye daftari hakufuti sahihi kwenye mkopo. Ni benki pekee inayoweza kumwachilia mmoja, na kwa kawaida hutaka kwanza kuona kama anayebaki anamudu peke yake.

25. Ndugu yetu amefariki Ujerumani akiwa na deni la nyumba. Sisi wa nyumbani tunadaiwa?

Mkirithi chini ya sheria ya huko, mnarithi mali pamoja na madeni. Mnaweza kuukataa urithi ndani ya wiki 6 tangu mjue kwamba ninyi ndio warithi. Mrithi aliyekuwa nje ya Ujerumani wakati muda huo unaanza hupewa miezi 6. Kukaa kimya mpaka muda upite huhesabiwa kuwa mmekubali.

Kabla ya kukataa, pigeni hesabu: nyumba ya yuro 350,000 yenye deni la 226,000 bado ni mali. Ombeni barua ya salio kutoka benki na nakala ya Grundbuch. Mkiamua kukataa, barua ya kawaida au ujumbe wa simu hautoshi. Sahihi lazima ithibitishwe, kwa mfano katika ubalozi wa Ujerumani Dar es Salaam au Nairobi, na hati ifike katika mahakama ya mirathi, Nachlassgericht, kabla ya siku ya mwisho. Kinachohesabiwa ni siku ilipopokewa huko, siyo siku mliyoituma.